Kijitabu cha pili: kisa cha rufaa ya mtihani iliyokaa kimya miezi mitatu

Usuli

Kisa hiki kilipita kwenye dawati letu la msaada wa kisheria. Chuo ni cha umma, kiko Tanzania Bara. Jina lake, mwaka na somo tumeviondoa, na vitu vidogo vidogo tumevigeuza ili mhusika asitambulike. Mwenyewe tutamwita mwanafunzi. Amesoma andiko hili kabla halijatoka, akaomba tuongeze jambo moja tu: kwamba hakuwa anatafuta kupendelewa.

Alikuwa mwaka wa tatu, muhula wa mwisho. Matokeo ya muda yalipotoka katikati ya Agosti, masomo yote yalikuwa salama isipokuwa moja la krediti 12. Kazi za muhula alikuwa na 24 kati ya 40. Mtihani wa mwisho ulimpa 8 kati ya 60. Jumla 32, yaani E, yaani sapu, mtihani wa marudio.

Alama nane zilimshangaza kila mtu darasani kwao, kwa sababu binti hajawahi kushika sapu. Yeye alichokumbuka ni uzi. Ndani ya chumba cha mtihani aliomba kijitabu cha pili cha majibu baada ya cha kwanza kujaa. Wakati wa kukusanya, uzi wa kufungia ulikuwa umeisha, basi msimamizi akakichomeka kijitabu cha pili ndani ya cha kwanza, akaendelea na meza inayofuata. Kwenye fomu ya mahudhurio kuna safu ya idadi ya vijitabu. Mwanafunzi aliandika "2", akasaini.

Huo uzi na hiyo "2" ndiyo kesi yenyewe. Mengine yote ni habari ya namna ya kumfanya mtu mwenye mamlaka aende kuangalia.

Miguu mingi, karatasi chache

Rufaa aliiwasilisha siku ya sita baada ya matokeo, ndani ya siku 14 zinazoruhusiwa na kanuni za mitihani za chuo chake. Alichukua kumbukumbu namba ya malipo, akalipa ada kwa simu, akaandika barua ya ukurasa mmoja, akamkabidhi karani wa idara. Karani aliipokea vizuri, akaiweka kwenye trei, akasema, "Sawa mwanangu, itafika." Hakuna aliyegonga muhuri, na mwanafunzi hakuomba. Bahati yake aliipiga picha barua ikiwa juu ya meza.

Septemba ikabandikwa ratiba ya sapu, rufaa ikiwa haijajibiwa. Hapa ndipo wengi huteleza. Ukifanya sapu, ofisi itasema umekubali matokeo ya kwanza. Usipofanya, na rufaa ikaja kukataliwa, umebaki na E na mwaka umekwisha. Mwanafunzi ana kaka ambaye ni karani wa mahakama. Kaka hakujua lolote kuhusu kanuni za chuo, lakini alijua lugha ya kujihifadhi. Akamwambia aandike sentensi moja kwa barua pepe kwenda ofisi ya Amidi, mkuu wa kitivo, usiku wa kuamkia mtihani:

"Nafanya mtihani huu wa marudio bila kuathiri rufaa yangu niliyoiwasilisha, ambayo hadi sasa haijaamuliwa."

Akafanya sapu, akafaulu, akapewa C, kwa kuwa kanuni za chuo hazitoi zaidi ya C kwenye sapu hata ukiandika majibu ya dhahabu.

Kuanzia hapo kila mlango aliobisha ulimjibu: "Si umeshafaulu, dada? Rufaa ya nini tena?" Jibu lilikuwa kwenye hesabu. Kwa C ile, wastani wake wa miaka mitatu ulikuwa 3.47. Chuo hukata desimali baada ya tarakimu ya kwanza, hakikuzi, kwa hiyo cheti kingesoma 3.4: daraja la pili la chini. Somo lile likipanda hadi B, krediti 12 kati ya 360 zinasogeza wastani hadi 3.50, na 3.5 ndiyo mlango wa daraja la pili la juu. Anayewahi kutafuta nafasi ya uhadhiri msaidizi au ufadhili wa shahada ya uzamili anajua tofauti ya maisha yaliyomo ndani ya hiyo desimali.

Oktoba yote akapanda na kushuka ngazi. Alihesabu safari 11. Idara walisema faili liko kwa Amidi. Kwa Amidi aliambiwa liko ofisi ya mitihani. Ofisi ya mitihani wakasema Kamati ya Rufaa haijapata akidi, yaani idadi ya wajumbe inayotosha kufanya kikao. Safari ya kumi na moja alirudishwa idarani, kwa karani yuleyule, ambaye kwa upole kabisa alimuuliza kama kweli aliwahi kuleta barua.

Alipotufikia

Ilikuwa siku ya 75 tangu rufaa, wiki tatu kabla ya mahafali. Alikuja na bahasha yenye risiti ya malipo, chapa ya picha ya barua, na ile barua pepe ya Septemba. Alitaka tumshtaki mwalimu wa somo.

Tulikataa, na ilichukua nusu saa kumweleza kwa nini. Kwenye malalamiko ya namna hii kuna mambo mawili yanayovaa nguo moja. La kwanza ni alama: jibu hili lilistahili ngapi? Hilo ni la wanataaluma, na mahakama kwa desturi hujitenga nalo. Jaji hatasahihisha insha ya mtu. La pili ni uamuzi: chombo kilichopewa jukumu la kuamua rufaa kimeamua au hakijaamua? Hilo ni la sheria. Mwanafunzi alikuja na hasira ya jambo la kwanza, ila nguvu yake yote ilikuwa kwenye la pili.

Tukafungua kanuni za mitihani za chuo. Zilisema rufaa itaamuliwa "mapema iwezekanavyo". Kwa mwanasheria hayo ni maneno ya kukatisha tamaa, kwa sababu hayana tarehe. Lakini aya mbili chini yake kulikuwa na sentensi nyingine: taarifa ya Kamati ya Rufaa "itawasilishwa kwenye kikao cha Seneti kinachofuata". Seneti, chombo cha juu cha taaluma chuoni, ilikuwa imeshakaa mara mbili, mwishoni mwa Septemba kupitisha matokeo na siku chache kabla mwanafunzi hajatufikia kupitisha orodha ya wahitimu. Tarehe ilikuwapo, ila haikuandikwa kwa namba.

Tulichoamua, na kwa nini

Njia ya mahakama kwa jambo hili ni maombi ya mapitio chini ya Sheria ya Marekebisho ya Sheria, Sura 310, na Kanuni zake za mwaka 2014, Tangazo la Serikali Na. 324. Unaanza kwa kuomba kibali Mahakama Kuu, ndani ya miezi sita tangu kitendo, au kutotenda, unakolalamikia. Ukipata kibali, una siku 14 kufungua maombi yenyewe. Unachoomba ni amri ya mandamus: mahakama imwamuru mwenye wajibu wa umma autimize. Haimwambii aamue vipi.

Vigezo vya mandamus vimeelezwa vizuri kwenye shauri la John Mwombeki Byombalirwa dhidi ya Mkuu wa Mkoa na Kamanda wa Polisi wa Mkoa, Bukoba, la 1986. Mwombaji awe amedai wajibu utimizwe na mdaiwa akakataa. Wajibu uwe wa umma, unatoka kwenye sheria, na unamhusu raia huyo, si dola peke yake. Uwe wa lazima, si wa hiari ya ofisa. Mwombaji awe na maslahi. Na kusiwe na nafuu nyingine inayofaa.

Soma tena kigezo cha kwanza. Mwanafunzi alikuwa na safari 11 na hakuwa na dai hata moja. Kusimama dirishani na kuuliza "mama, majibu yametoka?" si kudai, ni kuulizia. Wala hakuwa amekataliwa, alikuwa amezungushwa. Tungekwenda mahakamani siku ile, pingamizi la kwanza lingetumaliza.

Kwa hiyo uamuzi wa kwanza ulikuwa barua ya madai. Tulibishana muda wa kutoa. Mazoea ni siku 14, lakini siku 14 zingetufikisha mlangoni mwa mahafali, tukatoa siku saba za kazi na kueleza kwenye barua yenyewe kwa nini. Ilikwenda siku ya 77 kwa Naibu Makamu Mkuu wa Chuo anayeshughulikia taaluma, nakala kwa Amidi na kwa kitengo cha sheria cha chuo. Iliingia kupitia masjala, ofisi ya kupokea na kutunza barua, nakala yetu ikagongwa muhuri wa IMEPOKELEWA wenye tarehe, na namba ikaandikwa kwenye rejista tukiona.

Ndani ya barua hatukuomba alama. Tuliomba chuo kithibitishe kuwa rufaa ipo na imefikia wapi, tukiambatisha risiti ya ada. Tuliomba fomu ya mahudhurio ya chumba kile ilinganishwe na idadi ya vijitabu vilivyomo kwenye bahasha. Tuliomba uamuzi wa maandishi kabla cheti hakijachapwa, au cheti kisubiri uamuzi. Mwanafunzi alipoisoma alisema ni barua baridi sana. Ndivyo tulivyoitaka.

Siku hiyohiyo tuliwasilisha ombi la pili, la kupata nakala ya fomu ya mahudhurio na ya karatasi zake za majibu, chini ya Sheria ya Haki ya Kupata Taarifa ya 2016. Sheria hiyo humpa raia haki ya kuomba taarifa kwa taasisi ya umma, na taasisi ina siku 30 za kujibu.

Njia nyingine tuliziweka kando. Kufungua shauri la madai la kawaida dhidi ya taasisi ya umma kunadai notisi ya siku 90 na kumuunganisha Mwanasheria Mkuu wa Serikali. Siku 90 zingemkuta mwanafunzi ameshatundika cheti chenye kosa ukutani. Tume ya Haki za Binadamu na Utawala Bora hupokea malalamiko ya ucheleweshaji wa aina hii bila gharama, lakini mwisho wake ni mapendekezo, na haishughulikii jambo lililo mahakamani, kwa hiyo mpangilio wa kwenda huku na kule unahitaji akili. Tuliihifadhi kama akiba. Laiti chuo kingekuwa cha binafsi, hesabu nzima ingebadilika, maana hapo unashika mkataba kati ya mwanafunzi na chuo, na mandamus inakuwa ndoto.

Kilichotokea

Siku saba zikapita kimya.

Katikati ya kimya hicho, waziri wa elimu wa serikali ya wanafunzi, kijana wa mwaka wa pili mwenye daftari na miguu isiyochoka, alikwenda mwenyewe ofisi ya mitihani. Aliyoyakuta hatukuyafikiria. Hakukuwa na njama. Kanuni zilitaka karatasi isahihishwe upya na mhadhiri mwingine wa fani ileile. Mhadhiri huyo alikuwa ameondoka masomoni nje ya nchi tangu Septemba. Kila ofisi ilidhani ofisi nyingine imeshateua mbadala. Faili halikuwa na mwenyewe.

Siku ya 87 tulikuwa na rasimu kamili ya maombi ya kibali: hati ya maombi, maelezo, na kiapo cha mwanafunzi. Mwenzangu alisema tuifungue asubuhi ileile. Mimi nilitaka kwanza tuitume kitengo cha sheria cha chuo pamoja na barua fupi ya mistari minne: hii itafunguliwa Jumatatu ya wiki inayofuata. Sababu yangu ilikuwa ya kiofisi kuliko ya kisheria. Shauri dhidi ya taasisi ya umma huishia Ofisi ya Wakili Mkuu wa Serikali. Ofisa sheria wa chuo angelazimika kuandika maelezo kwenda huko, na kwenye maelezo hayo angetakiwa kusema kwa nini rufaa iliyolipiwa imepita vikao viwili vya Seneti. Sentensi hiyo hakuna anayependa kuiandika. Kuhusu muda tulikuwa na nafasi: hata ukihesabu miezi sita kuanzia siku ya matokeo, ambayo ndiyo hesabu mbaya kuliko zote kwetu, ilikuwa bado hadi Februari.

Siku ya 93 simu ikaita. Kamati ilikuwa imekaa, msahihishaji mwingine ameteuliwa, bahasha zimefunguliwa. Fomu ilisema 2. Ndani ya karatasi yake kilikuwamo kimoja. Cha pili kilipatikana kwenye bahasha ya mkondo mwingine wa somo hilohilo, kimechomekwa katikati ya karatasi ya mtu, hakijaguswa na kalamu nyekundu. Kilikuwa na maswali mawili kamili, yakampa alama 21. Mtihani ukatoka 8 ukawa 29, jumla 53, B. Matokeo ya sapu yakafutwa kwenye rekodi.

Mahafali yalikuwa siku ya 96. Mabadiliko ya alama lazima yapite Seneti, na Seneti haikukaa hadi Desemba. Mwanafunzi alipewa hiari ya kuvaa joho siku hiyo na jina lake lisomwe kwenye daraja la chini, cheti kirekebishwe baadaye. Mama yake alikuwa ameshakata tiketi ya basi. Akachagua kutokwenda. Cheti cha daraja la pili la juu alikichukua Januari, dirishani, akasaini kwenye rejista na kuondoka.

Ufadhili aliokuwa akiuwania ulifunga dirisha la maombi mwishoni mwa Novemba, ukitaka nakala rasmi ya matokeo. Huo ulimpita.

Uchambuzi

Tukianza na karatasi, risiti ya ada ndiyo iliyoiokoa rufaa. Barua bila muhuri ingebishaniwa mpaka kesho, lakini malipo yalikuwa na tarehe, kiasi, na maelezo yanayosema ni ada ya rufaa ya mtihani. Chuo hakiwezi kukiri kimepokea hela na kukana kimepokea rufaa. Hata hivyo, kama barua ya Agosti ingepita masjala badala ya trei ya idara, dai letu la siku ya 77 lingeweza kutoka mapema Oktoba, baada ya kikao cha kwanza cha Seneti. Wiki tano zile ndizo zilizobeba mahafali na ufadhili.

Sentensi ya kaka ilifanya kazi kuliko tulivyotegemea. Kwenye simu ya siku ya 93, ofisa sheria alikiri kwamba msimamo wao wa awali ulikuwa kwamba kufanya sapu ni kuiacha rufaa, na kwamba barua pepe ile iliwakatia njia. Tumeona wanafunzi wawili wengine tangu hapo waliosusa sapu kwa kusubiri rufaa. Mmoja amedisko, yaani ameondolewa chuoni.

Ombi la taarifa lilishindwa, na kosa lilikuwa letu. Jibu lilikuja siku ya 101: karatasi za mitihani ni siri na mali ya chuo. Tuliomba nakala mahali tulipopaswa kuomba kuziona tu, mbele ya ofisa, na tuliichanganya fomu ya mahudhurio, ambayo ni kumbukumbu ya kawaida ya utawala, na karatasi za majibu, ambazo kila chuo huzilinda kama mboni ya jicho. Kwa kuziweka kwenye ombi moja tuliwapa sababu moja ya kukataa vyote.

Je, mahakama ingetoa amri? Naamini kibali kingepatikana. Udhaifu wetu ungekuwa kwenye yale maneno "mapema iwezekanavyo", na upande wa pili ungesema pia kwamba kanuni zinatoa rufaa ya juu zaidi kwenda Baraza la Chuo, kwa hiyo nafuu nyingine ipo. Jibu letu lilikuwa tayari: kwa Baraza unakata rufaa dhidi ya uamuzi, nasi hatukuwa na uamuzi wa kukatia rufaa. Kimya hakina ngazi ya juu yake. Hoja hiyo haikujaribiwa mbele ya jaji, na nisingependa msomaji aichukue kama iliyokwisha kushinda.

Wenzetu wa Kenya wana njia iliyonyooka zaidi kwenye hili. Ibara ya 47 ya Katiba yao ya 2010 inampa kila mtu haki ya hatua ya kiutawala iliyo ya haraka na ya haki, na sheria ya 2015 inayoitekeleza inataja wazi ucheleweshaji usio na sababu miongoni mwa misingi ya kwenda mahakamani, ikitaka ombi liamuliwe ndani ya siku 90. Hata huko, kifungu cha 9 kinakudai umalize kwanza njia za ndani. Sisi huku tunajenga hoja hiyohiyo kwa mawe ya maamuzi ya mahakama yaliyotangulia, kama lile la Byombalirwa.

Swali linalonisumbua ni kama ushindi ulikuwa wetu. Waziri wa wanafunzi alifika ofisi ya mitihani siku tatu kabla ya rasimu yetu, na ndiye aliyegundua kwamba msahihishaji hayupo. Huenda Kamati ingekaa hata bila sisi. Mwenzangu anaona rasimu ndiyo iliyoleta akidi. Mimi naona kijana yule aliwaonyesha pa kuanzia, na rasimu ikawapa sababu ya kutosubiri Januari. Kisa kinachofuata tutamtafuta mapema, kabla hata ya kuandika barua.

Fidia ya ufadhili uliopotea tuliijadili mara moja. Ingekuwa notisi ya siku 90, shauri refu, na mzigo wa kuthibitisha kwamba angeupata. Mwanafunzi alikuwa ameshapata kazi ya mkataba na hakutaka kurudi tena kwenye ngazi zile.

Kimebaki kitu kimoja. Kanuni za chuo zinasema rufaa ikikubaliwa, ada hurudishwa. Hadi tunaandika haya haijarudi. Barua ya kuidai ipo, na ina muhuri wa masjala.